Mume aliekuwa hataki mkewe aende Pemba: uchambuzi wa kisa kimoja cha ndoa

Kisa hichi nakiandika kwa ruhusa ya wenyewe wote wawili, mume na mke. Majina si yao, mitaa nimeitoa, kazi zao nimezibadilisha na mambo madogo madogo ya nyumbani kwao nimeyachanganya. Tarehe ya kuzama kwa meli ya MV Spice Islander, ambayo imo ndani ya kisa hichi, sikuigusa, manake hiyo ni yetu sote.

Mie kazi yangu ni nasaha za ndoa hapa Unguja. Wake wanakuja na neno lile lile, mume wangu hasemi, na waume wanakuja na lao lile lile, nikisema ndo itakuwaje. Watu wengi wanaona dawa ni kumwambia mwanamme afunguke basi, yaani kama mlango uko kwake peke yake. Mie naona nusu ya kazi, pengine zaidi ya nusu, iko kwa anaesikiliza, na kisa hichi kinalionesha hilo vizuri.

Wenyewe ni nani

Mume tumwite Hamad, mke tumwite Zuhura. Hamad ni mtu wa kaskazini Pemba, alihamia Unguja akiwa kijana, ana duka la vifaa vya umeme mjini. Mtu wa kazi, mtu wa msikitini, matumizi ya nyumba hajawahi kuulizwa mara mbili. Zuhura kazaliwa Unguja, anasomesha skuli, mchangamfu, na likimkera analisema hapo hapo likaisha. Wameoana 2016, wana watoto wawili.

Sasa kabla hata hawajajuana, Hamad alikuwa na mdogo wake, baba mmoja mama mmoja. Huyo mdogo mtu alikuja Unguja baada ya Idi ya 2011 kufuata bidhaa, akataka kurudi Pemba mapema wiki ile, Hamad akamwambia subiri kidogo unisaidie hesabu za duka, utaondoka Ijumaa. Akaondoka Ijumaa usiku, tarehe 9 Septemba 2011, kwa MV Spice Islander. Kachukua na godoro jipya, bado limo ndani ya nailoni yake, anampelekea mkewe aliejifungua karibuni. Meli ilijazwa kupita uwezo wake, ikazama mkondo wa Nungwi usiku wa kuamkia Jumamosi. Mtu wa hapa hahitaji kuhadithiwa zaidi, hasa ukiwa na watu wako Pemba, manake huko kuna vijiji ambavyo hukupita nyumba mbili bila ya kukuta msiba.

Hamad alikwenda viwanja vya Maisara walikokuwa wanapelekwa maiti watambuliwe na watu wao, akafunua shuka moja baada ya nyengine, mdogo wake hayumo. Akaskia kuna waliookolewa wakiwa wameshikilia magodoro, basi akapata tamaa, akawa anangoja. Hakuonekana, si hai si maiti. Pemba ikasomwa khitma, Hamad akarudi dukani akafungua mlango akaendelea kuuza, na lile jambo hakulitaja tena.

Zuhura alivoolewa alijua kuwa mumewe alifiwa na mdogo wake kwenye meli. Hilo tu. Habari ya ile Ijumaa alikuwa hana, Maisara hajui, godoro hajui, na hajui kama kuna mjane na mtoto Pemba ambao mumewe anawatumia pesa kila mwezi.

Kilichotokea

Kila ikikaribia skukuu Zuhura anasema mwaka huu twende Pemba watoto wakamuone bibi yao. Hamad ana sababu zake: bahari chafu, mtoto bado mdogo, dukani hakuna wa kumuachia. Yeye mwenyewe anakwenda peke yake, kwa ndege, analala usiku mmoja anarudi. Ukimwambia basi twende kwa boti, mchana, watu wote si wanapanda, ananyamaza, anachukua ufunguo wa vespa anatoka. Ndugu zake Zuhura wakaanza kusema chini chini, huyo ana mke Pemba. Na kusema kweli ukiangalia kwa nje, mimi pia ningeweza kudhani hivo.

Afu likaja la godoro. Zuhura alipata pesa yake ya upatu akanunua godoro, vijana wakalileta mchana wakaliegemeza ukumbini, limo ndani ya nailoni. Hamad akarudi baada ya alasiri, kashika mikate, akasimama pale mlangoni hata viatu hajavua.

"Nani kakwambia ununue hili?"

"Kwani nimekuomba pesa, baba?"

Akaiweka mikate juu ya kiti akatoka, hakurudi mpaka saa sita usiku. Alivorudi akachukua kisu akaikata ile nailoni yote vipande vipande, akaenda kuichoma nyuma ya nyumba, kisha akatandika mkeka chini akalala. Zuhura yuko macho kitandani anamsikia. Aliponihadithia alisema, "Nikajua basi, hataki tena kulala na mie."

Baada ya hapo ikaja meseji. Simu ya Hamad iko juu ya meza, ikalia, Zuhura akaiona: "Zimefika, Allah akuzidishie. Mtoto anauliza utakuja lini." Akamuuliza nani huyu, Hamad akasema si unavofikiria. Basi ni nini? Kimya. Asubuhi yake Zuhura akachukua watoto akenda kwao.

Wazee wa pande mbili wakakaa kikao. Hamad akaulizwa una mke mwengine, akasema sina. Huyo mwanamke nani, akasema ni mtu ninaemsaidia. Wazee wakamwambia mume aache kutuma pesa kwa siri, mke wakamwambia arudi nyumbani avumilie, wakasoma fatiha, wakanywa kahawa, wakaondoka. Zuhura hakurudi. Alikuwa kashaanza kuulizia taratibu za kwenda kwa kadhi, na ni shoga yake wa skuli ndie aliemwambia kabla hujafika huko nendeni mkakae na mtu.

Niliyoamua, na kwa nini

Kwanza niliwaona mbali mbali. Hamad alikaa kiti cha karibu na mlango, akaniambia mie sina la kusema, nimekuja kwa heshima ya mke wangu. Sikumuuliza anajisikiaje. Mwanamme ambae maisha yake yote hajaulizwa suala hilo atakujibu alhamdulillah, na hapo ushafungiwa. Nikamuuliza kitu cha mkononi: ile nailoni uliichoma ya nini? Akanyamaza muda mrefu, mie nikanyamaza nae. Afu akasema, "La mdogo wangu pia lilikuwa na nailoni." Kisha akaeleza yote, ile Ijumaa, Maisara, mjane, sauti yake kama mtu anaehesabu mali ya duka, macho yako chini. Mwisho akasema, "Mie ndie niliemchelewesha."

Nikamuuliza mbona kwenye kikao hukusema tu kama ni mjane wa mdogo wako, si ingekwisha. Akasema isingekwisha. Lingefuata suala la kwa nini alificha, na jawabu yake ni hilo la Ijumaa. Na kuna jengine, wazee wa kwao Pemba walimshauri zamani amuoe yeye huyo mjane ili mtoto alelewe na ami yake, akakataa, na akaogopa Zuhura akiliskia hilo halitomtoka kichwani maisha. Kwa hiyo lilikuwa fundo juu ya fundo.

Pili, sikumwambia Zuhura chochote katika haya. Ni ya Hamad, ayaseme mwenyewe. Nilimwambia tu kuwa sijaona dalili ya mke mwengine, na nikamuomba kwa muda asiulize kabisa habari za Pemba. Alikasirika. "Yaani niumie mie tena?" Na alikuwa na haki ya kukasirika, manake katika nyumba hizi kila siku anaeambiwa asubiri ni mke. Lakini niliona akiendelea kuuliza Hamad ataendelea kukimbia, na akiendelea kukimbia Zuhura atazidi kuuliza, na huo mzunguko ndo uliokuwa unawamaliza.

Tatu, njia ya kusema. Hamad aliniambia uso kwa uso hawezi, akimuangalia tu ulimi unakauka. Tukakubaliana atume voisi. Akiwa dukani baada ya isha, mlango kateremsha nusu, asema anachoweza, hata kama ni kidogo. Zuhura asikilize peke yake, na usiku ule asijibu zaidi ya neno moja tulilopanga: nimeskia, niko na wewe. Na kitakachosemwa kitabaki baina yao. Wote wawili wakaahidi.

Alivosema mara ya kwanza, na ilivoharibika

Voisi ya mwanzo ilikuwa ya ile Ijumaa tu. Zuhura akaskiliza, akalia, akajibu kama tulivopanga. Usiku wa pili akatuma ya Maisara. Zuhura moyo ukamjaa, huku huruma, huku furaha kuwa mumewe hana mke wala hajawahi kumsaliti, na watu wake mwenyewe wamekuwa wakimtia aibu miaka yote hiyo. Asubuhi akamhadithia dada yake. Alitaka kumsafisha mumewe, hakuwa na nia nyengine. Dada akamhadithia mumewe, na Ijumaa baada ya sala, nje ya msikiti, huyo shemeji akamshika Hamad mkono akamwambia pole kaka, ile ni kadari, usijilaumu.

Hamad akafuta voisi zote. Kwangu hakuja tena kwa wiki kadhaa. Nilipompigia aliniambia, "Nimevua nguo mbele ya mtu mmoja, nageuka nakuta mtaa mzima unaniangalia."

Mie hapo niliona hii ndoa imekwisha. Kilichoirudisha alikifanya Zuhura mwenyewe, mie sikumfundisha. Alikwenda dukani, akasubiri mteja atoke, akamwambia, "Nilisema kwa dada. Nilitaka wajue huna mke. Lakini halikuwa langu la kusema, nisamehe." Hakujitetea, hakuanza na wewe pia ulinificha. Akamwambia kashamwambia dada yake lisitajwe tena mbele yake wala nyuma yake. Afu akasema lake. Kwamba miaka yote Hamad akirudi kutoka Pemba alikuwa anachukua shati lake kabla ya kulifua, analinusa. Kwamba alikuwa analala akijihesabu ni mke wa pili bila ya kuambiwa.

Hamad hakuwa na habari. Alidhani maumivu ya nyumba ile anayo yeye tu. Akavuta kiti akakaa, akaanza kusema habari ya mjane na ya wale wazee waliomtaka amuoe, hapo hapo baina ya mabunda ya waya. Katikati akaja mteja anataka soketi, Hamad akainuka akamuuzia, akamrejeshea chenji, akarudi kukaa akaendelea alipoachia.

Matokeo

Zuhura karudi nyumbani. Pesa ya Pemba inatumwa kila mwezi kama kawaida ila sasa inatumwa wazi, na mara nyengine Zuhura ndie anaeituma na anazungumza na yule mjane kwa simu. Skukuu moja wamekwenda wote Pemba na watoto, kwa ndege, wameweka pesa ya kutosha kabla. Boti bado Hamad hawezi na hakuna anaemlazimisha.

Siku za upepo mkali usiku anamwambia mkewe leo siko sawa. Maneno matatu, na kwa mtu yule ni mengi. Kuna siku hasemi, anachukua vespa anaondoka kama zamani. Zuhura nae kuna siku hasira za ile miaka ya uongo wa duka halina mtu zinamrudia, na mapenzi yake na dada yake hayajarudi sawa sawa.

Uchambuzi

Tuanze na kile kimya chenyewe. Msiba wa mtu alieonekana na akazikwa una pahala pake, una kaburi, una arubaini, watu wanakuja wanaondoka. Msiba wa mtu ambae hakuonekana hauna mlango wa kutokea. Mtaalamu wa Marekani Pauline Boss alianza kuliandikia jambo hili miaka ya 1970 akiangalia familia za wanajeshi waliopotea vitani Vietnam, akaona wanaobaki wanakwama hapo, hawawezi kulia mpaka mwisho na hawawezi kuacha kungoja. Ila sisi tulikuwa nalo zamani. Nabii Yaaqub alimpoteza Yusuf bila ya kuona maiti, na Qur-ani, Sura Yusuf aya ya 84, inatuambia macho yake yaligeuka meupe kwa huzuni. Huyo ni Mtume wa Mwenyezi Mungu, na subira yake ndo inayotolewa mfano. Kwa hiyo anaesema mwanamme kustahamili ni kutoonesha kitu, aniambie hilo kalitoa wapi.

Kikao cha wazee nia yake ilikuwa njema, na kuna mengi vikao hivi vinayatengeneza, mahari, matumizi, ugomvi wa wakwe. Hapa kilishindwa kwa sababu kiliuliza suala la hukumu, una mke au huna, na Hamad akalijibu kwa kweli na bado hakuna kilichojulikana. Halafu watu sita wamekuzunguka wanakuangalia, aibu inatangulia. John Gottman, aliekaa miaka mingi akipima miili ya wanandoa wakiwa wanagombana, anasema mapigo ya moyo yakishapita 100 kwa dakika mtu haskii tena anachoambiwa, na anahitaji dakika 20 au zaidi kutulia. Wake wengi wakimuona mume kajikausha wanadhani kiburi, kumbe ndani moyo unamwenda mbio. Ndo maana voisi ilifaa. Iliwapa wote wawili muda, na iliwaondoshea uso.

Neno kadari nalo nataka kulisema kwa uangalifu. Ni haki na mie ni imani yangu, na kuna hadithi kuwa aliekufa kwa kuzama ni shahidi, hilo Hamad analijua kuliko mimi. Lakini yule shemeji alilitia kabla mwenzake hajamaliza kusema, tena njiani, tena bila ya kuambiwa na mwenyewe. Likitiwa mapema hivo linakuwa kama unamwambia nyamaza.

Ukitaka kujua msikilizaji afanye nini, angalia Bi Khadija. Mtume (SAW) aliposhuka Hira anatetemeka alikwenda kwa mkewe, akasema nifunikeni, nifunikeni, na akamwambia wazi kuwa anajihofia nafsi yake. Yeye kwanza alimfunika mpaka hofu ikamtoka. Hakumhoji wala hakuanza na nasaha. Kisha akamskiliza, kisha akamtajia mema yake, anavounga udugu, anavosaidia wanyonge. Baada ya yote hayo ndo akamchukua kwa Waraqa, mtu mmoja, anaejua, wala hakuutangazia mji. Kwa mpangilio huo, Zuhura alipatia mwanzo na akaja kupatia tena pale dukani, akakosea pale katikati tu, na hapo katikati palitosha kumfunga Hamad kwa wiki kadhaa.

Simlaumu sana, nataka nieleweke. Alibebeshwa jambo zito akaambiwa asilitoe popote, na yeye ni mtu wa kusema. Ahadi ya siri bila ya pahala pa kupumulia ni ngumu kuiweka. Kwa wengine walio kwenye hali kama hii naona ni bora wakubaliane na mtu mmoja kwa jina, ambae anaeskia ana ruhusa ya kumwendea, na anaesema amjue ni nani.

Na kilichomfungua Hamad mara ya pili ni kumuona Zuhura nae anasema la kwake la aibu, lile la shati. Mpaka siku ile ilikuwa mmoja ndie mgonjwa na mwengine ndie daktari, na hakuna anaependa kuwa mgonjwa peke yake nyumbani kwake.

Ila haya si ya kila nyumba. Kama mwenzako anakupiga, au unalomwambia leo anakurushia kesho mkigombana, mbele za watu au mbele za watoto, usifunguke kwake kwa sababu umesoma kisa hichi. Kwanza tafuta usalama wako, na ya moyoni mpe mtu ambae ushamjaribu kwa dogo akalihifadhi. Hamad alianza na nailoni tu. Lilipopokelewa vizuri ndo yakaja mengine.

Sasa hivi wanabishana kuhusu watoto. Mkubwa kaanza kuuliza kwa nini binamu yake wa Pemba hana baba. Zuhura anataka aambiwe kweli kwa kiasi chake, Hamad anasema asubiri akue. Mie nipo na Zuhura katika hili, nimewaambia, ila nimewaambia pia kuwa atakaemwambia mtoto awe Hamad mwenyewe, siku atakayoichagua yeye. Hajaichagua bado.